Mchezo Bila Maskani: Usakinishaji wa Michezo ya Video Kutoka Diski Pasipo Intaneti

UTANGULIZI

Anayenunua riwaya dukani hahitaji kumwomba mchapishaji ruhusa ya kuifungua. Matini imo yote baina ya majalada mawili, na itasomeka Kisumu au Kilifi, leo au baada ya miaka arobaini, almuradi pawe na mwanga na mtu ajuaye kusoma. Swali la makala haya ni iwapo kauli hiyo yaweza kusemwa pia kuhusu mchezo wa video uliouzwa ndani ya diski. Je, mnunuzi aliyetoka dukani na kasha mkononi ametoka na mchezo, au ametoka na ahadi ya mchezo?

Jibu la swali hili limo katika kitendo kimoja cha kiufundi, nacho ni usakinishaji. Kitenzi 'kusakinisha' kimezoeleka katika istilahi za kompyuta, na wanafunzi wa Kiswahili watatambua upesi kiini chake. Kinatokana na 'sakini', yaani kukaa au kufanya makao, na kina nasaba moja na nomino 'maskani'. Kusakinisha programu, basi, ni kuipa makao ndani ya mashine. Istilahi hii inafaa mno, kwa sababu suala linalojadiliwa hapa kimsingi ni suala la makao: mchezo unakaa wapi? Unakaa katika diski aliyoishika mnunuzi, katika mashine iliyo sebuleni mwake, au katika seva ya kampuni iliyo ng'ambo ya bahari?

Makala haya yanaeleza jinsi michezo ilivyofikia hatua ya kuhitaji kusakinishwa, jinsi kazi hiyo inavyofanywa bila intaneti, mambo yanayoikwamisha, na sababu ya suala hili kumhusu mwanafunzi wa fasihi hata kama hajawahi kushika kidhibiti cha mchezo. Hoja kuu ni kwamba kusakinisha bila intaneti ndiko kipimo cha hakika cha kubainisha bidhaa iliyo matini kamili na bidhaa iliyo ufunguo tu wa matini iliyowekwa kwingine.

KABLA YA USAKINISHAJI

Konsoli ni kompyuta iliyoundwa mahsusi kwa ajili ya michezo na ambayo kwa kawaida huunganishwa na runinga. Konsoli za mwanzo zilizotumia michezo ya kubadilishwa, kama vile Fairchild Channel F ya mwaka 1976 na Atari 2600 ya mwaka 1977, zilitumia katriji, ambazo wengi walizoea kuziita kaseti. Ndivyo ilivyokuwa pia kwa konsoli ya Nintendo iliyotolewa Japani mwaka 1983 na kufika Marekani mwaka 1985. Katriji ilikuwa kasha la plastiki lenye chipu zilizobeba programu isiyofutika. Ilipochomekwa, chipu hizo ziligeuka kuwa sehemu ya kumbukumbu ya mashine, na kichakataji kikasoma maagizo papo hapo. Hapakuwa na haja ya kusakinisha chochote, kwa kuwa mchezo ulikuja na maskani yake mgongoni, mfano wa konokono na nyumba yake.

Kasoro ya katriji ilikuwa gharama ya chipu na udogo wa nafasi. Ndipo diski zikaingia. PlayStation, iliyotolewa na Sony nchini Japani Desemba 1994, ilitumia diski za CD zenye nafasi ya takriban megabaiti 650, na gharama ya kuzichapa ilikuwa ndogo. Hata hivyo, diski husomwa kwa leza inayosogea juu ya sahani inayozunguka, na usomaji huo ni wa polepole ukilinganishwa na wa chipu. Kwa hiyo mashine ilinakili kwenye kumbukumbu ya muda kile tu kilichohitajika kwa wakati ule, na umeme ulipozimwa kikatoweka. Mchezaji alivumilia subira fupi kabla ya kila hatua, lakini mchezo wote ulibaki ndani ya diski.

Hali ilikuwa hivyo pia kwa PlayStation 2 ya mwaka 2000, iliyotumia diski za DVD na ambayo imeuzwa zaidi ya nakala milioni 160. Katika miji ya Afrika Mashariki mashine hii ilipata makao katika vyumba vya mtaani ambamo vijana walilipia muda wa kucheza, hasa michezo ya kandanda. Katika vyumba hivyo intaneti haikuhitajika asilani. Diski iliazimwa, iliuzwa mara ya pili na ya tatu, na hata ilipokwaruzika ilipanguswa kwa kitambaa na kujaribiwa tena. Aliyekuwa na diski alikuwa na mchezo.

SABABU ZA KUZUKA KWA USAKINISHAJI

Usakinishaji ulizuka kwa sababu ya kiufundi kabla haujawa suala la kibiashara. Xbox ya Microsoft ya mwaka 2001 ndiyo iliyozoesha wachezaji konsoli yenye diski kuu ndani yake tangu kiwandani. Mwaka 2006 ikaja PlayStation 3, iliyotumia diski za Blu-ray zenye uwezo wa hadi gigabaiti 50. Data ziliongezeka mara nyingi, ilhali mwendo wa leza haukuongezeka kwa kiwango hicho. Baadhi ya michezo ikaanza kunakili sehemu ya data zake kwenye diski kuu ili isomwe kwa haraka. Devil May Cry 4 ya mwaka 2008 ilimtaka mchezaji asubiri dakika zipatazo ishirini huku takriban gigabaiti 5 zikinakiliwa. Katika Metal Gear Solid 4 ya mwaka uo huo, usakinishaji ulifanywa tendo baada ya tendo, na mchezaji alimtazama mhusika mkuu akivuta sigara mpaka kazi ikamilike.

Kufikia Novemba 2013, PlayStation 4 na Xbox One zilipotolewa, hiari ilikwisha: kila mchezo wa diski sharti usakinishwe. Hesabu nyepesi inaonyesha sababu yake. Kisomaji cha Blu-ray chenye kasi ya mara sita husoma takriban megabaiti 27 kwa sekunde kikiwa katika ubora wake. Diski yenye gigabaiti 50 ingesomwa kwa zaidi ya nusu saa kutoka mwanzo hadi mwisho. PlayStation 5 ya Novemba 2020 ina hifadhi ya ndani inayosoma gigabaiti 5.5 kwa sekunde, yaani takriban mara mia mbili ya kasi ile. Mchezo uliosanifiwa kwa kasi hiyo hauwezi kulishwa na leza, kama vile mto hauwezi kujazwa kwa kijiko.

Tangu wakati huo diski imebaki na kazi mbili. Kwanza, ni chombo cha kusafirishia data kutoka kiwandani hadi kwenye hifadhi ya mashine. Pili, ni hati ya umiliki. Hata baada ya mchezo kunakiliwa wote, diski sharti iwemo mashinani kila mara mchezo unapochezwa. Pasipo sharti hilo mtu angesakinisha mchezo, kisha akaiuza diski na kubaki na nakala.

Namna ya kuthibitisha umiliki ndiyo iliyozua mgogoro mkubwa wa mwaka 2013. Microsoft ilitangaza kwamba Xbox One ingehitaji kuwasiliana na seva zake angalau mara moja kila saa 24, hata kwa michezo ya diski. Sony ikajibu kwa video fupi sana iliyoonyesha namna ya kumwazima mwenzio mchezo: mtu mmoja akamkabidhi mwingine diski, basi. Malalamiko ya wanunuzi yalikuwa makali, na tarehe 19 Juni 2013, kabla konsoli haijaingia sokoni, Microsoft ikauondoa mpango huo. Tukio hili ni ushahidi kwamba suala la kucheza bila intaneti huamuliwa na watu. Teknolojia yenyewe haikulazimisha kanuni ile ya saa 24, na kelele za wanunuzi zilitosha kuifuta.

NAMNA YA KUSAKINISHA BILA INTANETI

Utaratibu wenyewe si mgumu, ijapokuwa unatofautiana kidogo baina ya mashine na mashine.

Katika PlayStation 4 na PlayStation 5, hatua ya kwanza ni kuhakikisha kwamba hifadhi ina nafasi ya kutosha. Kisha diski huingizwa, na mashine huanza kunakili yenyewe. Michezo mingi imepangwa kwa namna inayomruhusu mchezaji kuanza sehemu za mwanzo kabla ya kunakili kukamilika. Iwapo mashine imeunganishwa na intaneti, itatafuta pia masasisho na kuyapakua. Asiyetaka hayo huingia kwenye mipangilio ya mtandao na kuzima muunganisho kabla ya kuingiza diski. Kitakachosakinishwa ni toleo lile lililochapwa kiwandani, ambalo kwa kawaida hupewa nambari 1.00.

Baadhi ya michezo mikubwa huja katika diski mbili. Red Dead Redemption 2 ya mwaka 2018 kwa PlayStation 4 ni mfano mzuri. Diski moja ni ya data na nyingine ni ya kuchezea. Diski ya data husakinishwa kwanza, kisha huwekwa kando, na diski ya kuchezea ndiyo hubaki mashinani. Kazi hiyo huchukua muda mrefu, lakini haihitaji intaneti, na hadithi yote ya mchezo huwa imo.

Huenda diski mpya ikahitaji mfumo endeshi mpya kuliko ule uliomo katika konsoli. Hapa pia pana njia isiyohitaji kuiunganisha konsoli na mtandao. Faili ya mfumo endeshi hupakuliwa kwa kompyuta yoyote, hata ile ya maktaba, kutoka kwenye tovuti rasmi ya Sony, na kuwekwa katika flashi. Ndani ya flashi huundwa folda iitwayo PS5, ndani yake folda iitwayo UPDATE, na humo ndimo faili iitwayo PS5UPDATE.PUP huwekwa. Kwa PlayStation 4, majina hayo hubadilishwa kuwa PS4, UPDATE na PS4UPDATE.PUP. Majina sharti yaandikwe kwa herufi kubwa, la sivyo mashine haitaitambua faili.

Katika Xbox, mashine iliyo mtandaoni huchanganya data za diski na zile za kupakua, na wakati mwingine hupakua sehemu kubwa kuliko ile iliyomo katika diski. Dawa yake ni kuingia katika mipangilio ya mtandao na kuchagua kukaa nje ya mtandao, kisha kuingiza diski. Microsoft nayo hutoa faili ya kusasisha mfumo endeshi kwa flashi, ambayo sharti iwe imeandaliwa kwa mpangilio wa NTFS. Aidha, mchezo uliosakinishwa pamoja na masasisho yake waweza kuhifadhiwa katika diski ya nje, nayo ikabebwa hadi kwenye Xbox nyingine. Mwenye diski halali ataingiza diski yake na kucheza bila kupakua upya. Kwa njia hii rafiki mmoja mwenye intaneti nzuri anaweza kuwafaa wenzake kadhaa wasio nayo.

Nintendo Switch ya Machi 2017 ilirejea kwa kiasi fulani katika utaratibu wa katriji. Kadi yake ndogo husomwa moja kwa moja, na mchezo ukiwa umo wote, hakuna usakinishaji. Fauka ya hayo, Switch ina utaratibu unaoziwezesha mashine mbili zilizo karibu kulinganisha matoleo ya mchezo. Iliyo na toleo jipya huipa nyenzake kwa mawasiliano ya karibu, bila kupitia intaneti. Huu ni ujirani mwema wa mashine, na ni jambo la kusikitisha kwamba haukuigwa kwa mapana.

DISKI PUNGUFU NA KADI TUPU

Maelezo hayo yote yamejengwa juu ya dhana moja, kwamba mchezo umo ndani ya diski. Dhana hiyo haina uhakika tena.

Michezo hupelekwa kiwandani wiki kadhaa kabla ya siku ya kuuzwa ili diski zichapwe. Katika wiki hizo watunzi huendelea kurekebisha makosa, na marekebisho hayo hutolewa siku ya kwanza ya mauzo kupitia mtandao. Lengo lake ni jema. Lakini mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Urahisi wa kurekebisha baadaye umewazoesha baadhi ya wachapishaji kuuza kazi isiyokamilika. Mwaka 2015, Tony Hawk's Pro Skater 5 ilipotolewa, diski ilikuwa na mafunzo ya mwanzo na sehemu ya kubuni viwanja pekee, na sasisho la siku ya kwanza lilikuwa kubwa kuliko data zilizokuwemo katika diski. Mwaka 2022, diski ya Call of Duty: Modern Warfare II ya PlayStation 5 ilipatikana kuwa na takriban megabaiti 70 tu, ilhali mchezo wenyewe ni wa makumi ya gigabaiti. Diski ya namna hiyo ni mbuzi ndani ya gunia, na gunia likifunguliwa mna kamba ya mbuzi tu.

Nintendo imelipa jambo hili jina rasmi. Switch 2, iliyoanza kuuzwa tarehe 5 Juni 2025, ina aina ya kadi ambayo haibebi mchezo ndani yake. Hiyo ni kadi ya ufunguo. Mara ya kwanza inapochomekwa, mashine sharti iunganishwe na intaneti ili ipakue mchezo wote. Baadaye kadi hutumika kama ithibati ya umiliki kila mchezo unapofunguliwa. Si kadi zote za Switch 2 zilizo hivyo. Cyberpunk 2077 ilitolewa katika kadi ya gigabaiti 64 yenye mchezo mzima. Heri ni kwamba makasha ya kadi za ufunguo yana alama ya ufunguo upande wa mbele, na mnunuzi makini ataiona kabla ya kulipa.

Uzito wa jambo hili huonekana vyema kwa hesabu. Mchezo wa gigabaiti 100 ukipakuliwa kwa mtandao wa kasi ya megabiti 5 kwa sekunde utachukua zaidi ya saa 44 mfululizo, bila umeme kukatika hata mara moja. Kwa kaya inayotegemea bando za simu, jambo hilo halifikiriki. Ndiposa diski pungufu humwumiza mnunuzi wa Garissa au Kakamega kuliko inavyomwumiza wa Tokyo, ingawa wote wamenunua kasha lile lile.

MINYORORO ISIYOONEKANA

Hata diski iliyo kamili yaweza kukwama kwa sababu zilizo nje yake. Makala haya yanataja nne.

Ya kwanza ni maandalizi ya mwanzo ya konsoli. Xbox Series X ya mwaka 2020, kwa mfano, huhitaji intaneti inapowashwa kwa mara ya kwanza. PlayStation 5 yenye kisomadiski cha kuondoleka, iliyotolewa Novemba 2023, huhitaji mtandao mara moja ili kisomadiski kitambulishwe kwa mashine. Baada ya hapo yaweza kukaa nje ya mtandao. Mnunuzi aliye mbali na intaneti anafaa kukamilisha hatua hizi mjini kabla ya kuisafirisha mashine.

Ya pili ni uthibitishaji wa diski za kizazi kilichotangulia. Kwa muda fulani, diski za Xbox One zilipoingizwa katika Xbox Series X zilihitaji kuthibitishwa mtandaoni kabla ya kusakinishwa. Mwaka 2022 Microsoft iliondoa hitaji hilo kwa sehemu kubwa ya michezo.

Ya tatu ni saa. Mwaka 2021 wachunguzi walionyesha kwamba betri ndogo inayotunza saa ya PlayStation 4 ikifa, na mashine isiweze kuwasiliana na seva za Sony ili kurekebisha saa, michezo hukataa kufunguka, hata ile ya diski. Chanzo chake kilikuwa mfumo wa tuzo za wachezaji, ambao ulitaka kujua tarehe ya hakika. Maana yake ni kwamba siku ambayo seva hizo zingezimwa, mamilioni ya diski zilizo nzima zingegeuka sahani za mapambo kadiri betri zilivyokufa. Sony ilirekebisha kasoro hiyo katika toleo la 9.00 la mfumo endeshi, Septemba 2021.

Ya nne, na ndiyo nzito kuliko zote, ni michezo inayosakinishwa vyema lakini isiyochezwa pasipo seva. The Crew ya Ubisoft, mchezo wa mashindano ya magari uliotolewa mwaka 2014, ulihitaji seva hata kwa mtu anayecheza peke yake. Seva zilizimwa tarehe 31 Machi 2024. Diski bado zipo, na data zake bado husomeka, lakini mchezo haupo tena. Mtegemea cha nduguye hufa maskini. Tukio hilo lilichochea vuguvugu la kudai kwamba michezo iliyouzwa isiuliwe na wauzaji wake, na mwaka 2025 ombi la raia wa Umoja wa Ulaya kuhusu suala hilo lilipita sahihi milioni 1.

SUALA LA MATINI

Msomaji aweza kuuliza: haya yote yana uhusiano gani na taaluma ya fasihi? Uhusiano upo, na ni wa karibu.

Michezo mingi ya leo ni masimulizi. Ina wahusika, ploti, mandhari na mazungumzo, na wataalamu katika vyuo vingi duniani huichunguza kama matini. Taaluma ya uhakiki wa matini hutuliza jicho juu ya swali la matoleo: muswada upi ulitangulia, nani aliongeza beti zipi, na nakala ipi inastahili kuaminiwa. Wanaochunguza tenzi za kale zilizoandikwa kwa hati ya Kiarabu huko Lamu na Pate wanalijua vyema swali hili. Lakini wao wana bahati moja: miswada inayotofautiana ipo, na inaweza kuwekwa mezani bega kwa bega.

Katika mchezo wa video, toleo jipya hulifuta la zamani. Mass Effect 3 ilitolewa Machi 2012, na wachezaji wengi wakalalamikia jinsi hadithi ilivyomalizika. Juni mwaka huo watunzi wakatoa mwisho uliorefushwa, wa kupakuliwa bila malipo. Elden Ring ilitolewa Februari 2022, na sasisho la 1.03 la Machi mwaka huo likaongeza hatua mpya katika visa vya wahusika kama Nepheli Loux na Kenneth Haight. Mchezaji wa diski pekee, aliye nje ya mtandao, huwaacha wahusika hao njiani pale toleo la 1.00 lilipowaachia. Mwenzake aliye mtandaoni huwafuata mbele zaidi. Wote wawili wanasema wamecheza Elden Ring, na wote wanasema kweli.

Kwa sababu hiyo kusakinisha bila intaneti ni mbinu ya utafiti kwa mwenye kuchunguza historia ya matini hizi. Ni njia ya kulipata toleo la kwanza kama lilivyotoka mikononi mwa watunzi, kabla ya maoni ya umma kulibadilisha. Hapana budi kukiri kwamba toleo hilo si lazima liwe bora. Cyberpunk 2077 ilipotolewa Desemba 2020 ilikuwa na kasoro nyingi kiasi cha Sony kuiondoa katika duka lake la mtandaoni kwa miezi kadhaa, na masasisho yaliyofuata ndiyo yaliyoiokoa. Hata hivyo, mtafiti huhitaji pia rasimu mbovu, kwani ndiyo inayoonyesha safari ya kazi.

Maktaba nazo zimeanza kuliona tatizo. Utafiti uliochapishwa nchini Marekani mwaka 2023 na Video Game History Foundation ulionyesha kwamba asilimia 87 ya michezo iliyotolewa humo kabla ya mwaka 2010 haipatikani tena sokoni. Maktaba ya Taifa ya Bunge la Japani, ambayo tangu mwaka 2000 hupokea machapisho ya kielektroniki yaliyo katika vifungashio pamoja na vitabu, ilieleza mwaka 2025 kwamba kadi za ufunguo hazimo miongoni mwa vitu inavyohifadhi, kwa kuwa hazina maudhui ndani yake. Mkutubi wa Tokyo ameutumia kipimo kile kile ambacho mchezaji wa Kakamega huutumia bila kuutaja: kilichomo ndani ya kasha ni kazi yenyewe, au ni kibali cha kuifikia kazi iliyo kwingine?

HITIMISHO

Makala haya yameonyesha kwamba usakinishaji ulianza kama suluhisho la mwendo mdogo wa leza, na kwamba kwa asili yake hauhitaji intaneti. Diski iliyokamilika, mashine iliyoandaliwa, nafasi katika hifadhi na flashi yenye mfumo endeshi vyatosha. Kinachoukwamisha ni maamuzi ya wachapishaji: kuuza diski pungufu, kuuza kadi tupu, na kuifunga michezo kwa seva zisizo za lazima. Kwa kuwa ni maamuzi, yanaweza kubadilishwa, kama yalivyobadilishwa mwaka 2013, 2021 na 2022.

Mnunuzi anashauriwa asome kasha kabla ya kulipa, aangalie alama ya ufunguo na maandishi madogo yanayotaja upakuaji, na inapowezekana aujaribu mchezo nje ya mtandao angali na haki ya kuurudisha. Mkutubi na mtafiti wanashauriwa watunze diski kamili za miaka iliyopita pamoja na mashine zake, maana baadhi yake ndizo nakala pekee za matoleo ya kwanza zitakazosalia.

Wanafunzi wa Kiswahili wamelirithi neno 'maskani' pamoja na uzito wake wote. Mwenye maskani hasubiri hodi yake iitikiwe na mtu mwingine ndipo aingie kwake. Mchezo uliolipiwa nao unastahili makao ya namna hiyo.